Nitume Mokambo, Usiniue

Siwezi kuandika nikiwa nimekaa. Wanaonitembelea nyumbani, mtaa wa Kamalondo, Lubumbashi, huona meza nzuri ya mninga imejaa nguo zinazosubiri pasi, na daftari langu liko juu ya friji. Friji ndiyo meza yangu, kimo chake kinanifaa. Naandika mistari miwili, naenda mlangoni, nachungulia barabara, narudi, naandika mmoja, naufuta. Marehemu mama alikuwa akisema mtoto huyu hata akilala anaondoka.

Nasema haya mapema ili mtu asidhani nilifanya nilichofanya kwa roho mbaya. Roho mbaya ninayo kidogo, kama kila aliyeishi na waigizaji, lakini safari ile haikuwa hiyo. Ilikuwa haraka. Haraka haraka haina baraka, tulifundishwa tangu shule, na mimi niliipita methali hiyo kila siku kama mtu anavyompita jirani asiyesalimiana naye.

Nilianza kama mwigizaji. Babu yangu alishuka kutoka kaskazini ya Katanga kuja kufanya kazi ya reli, baba akamfuata kwenye reli hiyohiyo, na nyumbani kwetu mtoto wa kike alitakiwa awe muuguzi au mtawa. Nilikuwa na miaka kumi na tisa nilipojiunga na kundi la michezo ya kuigiza lililokuwa likionyeshwa kwenye televisheni kila wiki. Kwa kuwa nilikuwa na sauti kali na kiuno cha kuonekana, nikapewa nafasi ya mwanamke anayevuruga ndoa za watu. Ndoa moja niliivuruga miaka sita. Katika soko la Kenya, mtaa wa hapa mjini, kulikuwa na mama muuza nyanya aliyekataa kabisa kuniuzia; akiniona anafunika mafungu yake kwa kitenge mpaka nipite. Baba alipopata habari alisema afadhali ningekuwa mtawa mwenye sauti kali.

Kiongozi wa kundi alikuwa mwanamke tuliyemwita Yaya. Kwetu Lubumbashi, yaya ni ndugu mkubwa, awe wa kike au wa kiume. Alikataa kuitwa mama kazini, kwa sababu, alisema, mama anaombwa chakula na yaya anaombwa shauri. Alinizidi miaka ishirini na zaidi. Alikuwa mfupi, mnene, mwenye uso unaoweza kukaa kimya kwa muda mrefu huku watu wakicheka tu kwa kuutazama.

Kundi halikuwa na karatasi. Alasiri Yaya alitukusanya uani kwake akatupa kisa kwa maneno machache: wewe unaingia, unamwuliza mumeo alilala wapi, wewe unajibu uongo, wewe unasikia yote ukiwa nje. Basi. Maneno kila mtu alijitafutia mwenyewe kamera ikishawaka. Sheria ilikuwa moja tu: neno likishasemwa mchezoni halikataliwi. Mwenzako akisema wewe ni kiziwi, umekuwa kiziwi mpaka mchezo uishe. Akisema nyumba inaungua, unatafuta maji. Siku moja mwenzangu alinitambulisha mbele ya kamera, bila kunionya, kuwa ni mama wa mapacha, nikalea mapacha wasioonekana mwezi mzima.

“Ukikatala neno ya mwenzako,” Yaya alituambia, “unamufungia mulango na mizigo ku kichwa.”

Nilimpenda kwa hilo. Na pia alinichosha. Lazima niseme yote mawili. Wakati sisi vijana tulikuwa tunarusha maneno kama njugu kikaangoni, yeye aliweza kuulizwa swali, akakaa kimya, akavuta kanga vizuri begani, akatazama mlango, ndipo akajibu. Nilikuwa nikisimama pembeni, miguu inanicheza, nikimmalizia sentensi kichwani mwangu. Mara nyingi nilidhani yangu ni nzuri kuliko yake. Hapo ndipo nilipoanza kuandika, kwa siri, nyuma ya madaftari ya shule ya wadogo zangu. Niliandika yale ambayo Yaya angepaswa kusema, na kwa kasi ambayo angepaswa kuyasema.

Baadaye kundi lilivunjika, kama makundi yanavyovunjika: huyu kaolewa, huyu kaenda Kolwezi kutafuta maisha, huyu katutoka. Kituo kimoja cha televisheni cha mtu binafsi kikataka tamthilia ya kila wiki, yenye maandishi. Mwenye kituo alikuwa mtu wa vipimo. Umeme wa mji wetu unakuja na kuondoka unavyotaka wenyewe, na yeye alitaka kujua kabla ya kuwasha taa kila onyesho litakula dakika ngapi.

“Maneno ya mu hewa siwezi kupanga,” aliniambia. “Leta papier.”

Nikaleta. Nilikuwa nimengoja miaka mtu aniombe karatasi. Ndani ya mwaka mmoja nikaacha kuigiza kabisa, nikawa mwandishi wa tamthilia, na mama muuza nyanya akaanza kuniuzia. Nafasi ya bibi wa familia nilimpa Yaya bila kumwuliza mtu. Wengine wa rika lake walikuwa wamesahauliwa majumbani, naye alikuwa kila wiki kwenye kioo, watu wanamwita bibi barabarani. Nilijiona mwema sana.

Miaka ya kwanza mambo yalienda. Mjukuu wake alimsomea mistari jioni, yeye anarudia mpaka inakaa. Halafu ikaanza kutokaa. Mwanzoni ni jina la mtu, kisha nusu ya sentensi, kisha onyesho zima. Anasimama katikati ya chumba na sufuria mkononi, anatafuta. Mimi nyuma ya kamera, karatasi mkononi, nasikia jenereta ya jirani ikikohoa na nawaza umeme utakatika sasa hivi. Namnong'oneza. Anaitikia kwa kichwa, anarudia maneno yangu kwa sauti isiyo na chumvi, tunaanza upya.

Akajifunza kuficha. Aliweka karatasi zenye mistari ndani ya sufuria, akawa anainama kuangalia sombe, yaani kisamvu, na kusoma. Mbinu ilifanya kazi wiki tatu, hadi yule aliyeigiza mkwe wake alipomwaga maji humo, kwa sababu niliandika mwenyewe kwamba mkwe anamwaga maji. Yaya akainama kwenye sufuria, akaona wino unatembea, akasema kwa utulivu kabisa, “Sombe ya leo iko na mambo mingi.” Wote wakacheka, hata mpiga picha. Mimi sikucheka. Ule mstari haukuwa kwenye karatasi, na ulikuwa mzuri kuliko yote ya siku ile, na nikaukata.

Kilichonishinda ni Luano, uwanja wa ndege wa mji wetu. Nilikuwa nimeandika onyesho la mjukuu anayesafiri, bibi anamuaga huko. Ruhusa ya kupiga picha pale nje tuliipata kwa tabu, kwa muda mfupi, kabla ndege ya mchana haijashusha watu. Yaya alikuwa na mistari minne tu. Alimshika kijana mikono yote miwili, akamtazama, akaanza kutafuta. Ndege ikasikika. Akaendelea kutafuta. Akageuza kichwa polepole akanitazama mimi, si kamera, na nikaona hajui yuko mjini au safarini, mchezoni au nje yake. Askari akatuambia tuondoke. Nilisema kitu pale mbele ya kila mtu ambacho sitakiandika hapa. Yeye alinisikia, akafunga kitambaa chake vizuri kichwani.

Siku mbili baadaye alikuja kwangu kwa miguu. Alinikuta nimesimama kwenye friji. Hakutaka kiti.

“Ninajua unataka kunitosha mu muchezo,” alisema. “Nitume Mokambo.”

Mokambo ni kule mpakani na Zambia, ambako wanawake wengi wa mji wetu huenda na kurudi na biashara zao. Katika tamthilia bibi alikuwa na mtoto wake huko, nilimweka zamani na kumsahau.

“Muntu wa Mokambo anarudiaka,” alisema Yaya. “Ukiniua, nitarudi namna gani? Usiniue, mutoto yangu. Mi bado niko.”

Nikamwambia nitaona. Kila mtu wa kazi yetu anajua maana ya nitaona. Alipotoka tu nilimwua, kurasa saba, haraka kuliko nilivyowahi kuandika kitu chochote. Nilijipa sababu. Watazamaji hupenda kilio kuliko safari. Mtu aliyetumwa Mokambo unaulizwa habari zake kila wiki, marehemu haulizwi. Mwenye kituo alisoma akasema ni vizuri sana. Sikumpelekea Yaya habari. Nilimwambia mpanga ratiba amwambie hana kazi wiki hiyo, jambo ambalo lilikuwa kweli, kwa sababu maiti hana mistari.

Msiba tuliupiga picha mtaa wa Katuba, kwenye uwanja wa nyumba ya kukodi, asubuhi ya jua kali. Nilitaka kila kitu kiwe cha kweli. Vyombo vikatolewa nje, mikeka ikatandikwa ndani kwa ajili ya wanawake, turubai likafungwa, magogo yakawashwa uani wanaume wakae karibu nayo. Kwenye meza tukaweka picha ya Yaya katika fremu nyeusi. Na mimi mwenyewe, kwa mikono yangu, nilikwenda kuweka matawi mabichi barabarani, kama tunavyofanya ili magari yapunguze mwendo na wapita njia wajue kuna kilio. Nilirudi ndani nimeridhika na matawi yangu.

Mtu wa mji mwingine angeona kamera na nyaya akajua. Kwetu mtu huona matawi, na akishayaona haulizi. Wa kwanza kuingia alikuwa mama aliyebeba beseni la mikate. Alilitua mlangoni, akavua viatu, akaingia kukaa kwenye mkeka. Wakaja wawili kutoka kanisani. Akaja mzee na kiti chake mwenyewe. Mmoja akaiona picha mezani, akajishika kichwa. “Njo ule bibi wa mu televizyo,” alisema, yaani ndiye yule, na kwa kuwa Yaya kila mtu alimjua kwa uso tu, hakuna aliyetofautisha bibi wa tamthilia na mwanamke mwenye mwili wake. Walilia kweli. Kulikuwa na bwana mmoja aliyejitambulisha kuwa mtani wa watu wa kwao marehemu, akaanza kumtania aliye kwenye picha kwamba amekufa kwa uvivu wa kulima, kama watani wanavyofanya msibani, akasimama hapo akidai apewe pombe ndipo aruhusu maziko. Waigizaji wangu, niliowaandikia machozi, walikaa wakishangaa machozi ya wengine.

Nilipaswa kusimamisha. Nilimwona mpiga picha akinitazama akingoja niseme. Umeme ulikuwepo, mwanga ulikuwa mzuri, na watu wale walikuwa bora kuliko nilivyoweza kuwaandika. Nikampa ishara aendelee.

Habari za kifo zinatembea haraka kuliko teksi. Walimpigia Yaya simu nyumbani kwake, mwanamke mmoja baada ya mwingine, kuuliza kama kweli amekufa. Saa tano hivi akaingia langoni. Alikuwa amevaa kitambaa cheusi na kitenge cha zamani, hana vipodozi, hana karatasi. Kilio kilikatika ghafla. Mama wa mikate alisogea nyuma mpaka ukutani. Nilijua nimekamatwa.

Yaya aliangalia picha yake mezani. Akaangalia watu. Akachukua muda wake.

“Njo hapa iko kilio ya yaya yangu?” aliuliza. “Bananipigia simu kule Mokambo. Banasema amekufa. Hakuna hata mumoja mwenye aliniambia kama alikuwa mugonjwa.”

Watu wakashusha pumzi. Ndugu yake mdogo, basi, ndiyo maana wanafanana hivyo. Mkwe wa tamthilia, aliyekulia katika kundi kama mimi, aliinuka bila kusita akamkumbatia, “Pole, mama mudogo,” akamkalisha mkekani. Neno lilikuwa limesemwa, na hakuna aliyelikataa. Kamera ilikuwa inawaka.

Kilio cha kwetu kina saa yake ya kueleza. Mtu aliyekuwa karibu na marehemu husimama kuwaambia ndugu ugonjwa ulianza lini, ulikwenda vipi, nini kilisemwa mwisho. Mtu asipoeleza, watu huanza kutafuta mchawi. Yaya alilia kidogo, akajifuta, akainua uso.

“Mwenye alikuwa naye siku ya mwisho eko wapi? Asimame, aseme. Muntu hakufe bule.”

Waigizaji walitazamana. Sikuwa nimeandika jibu. Yeye alikuwa ananitazama mimi kupitia mlango, juu ya bega la mpiga picha.

“Njo ule mwenye makaratasi,” alisema. “Mutoto, kuya hapa. Sema.”

Ningeweza kusema katiza. Neno moja. Lakini nilikuwa nimelelewa na mwanamke huyu, na miguu yangu, ambayo maisha yote imenipeleka kwingine, ilinipeleka ndani. Nikasimama mbele ya mkeka, mbele ya watu waliolia kweli, kwenye kioo tena baada ya miaka yote hiyo, na nilitafuta neno. Nilitafuta sana. Mimi niliyemmalizia sentensi tangu ujana wangu sikuwa na hata moja. Sijui ilichukua muda gani. Yeye alingoja, hakuninong'oneza, hakuitikia kwa kichwa, alinitazama tu kama mtu ambaye hana pengine pa kwenda.

“Alikuwa anatafuta maneno,” nilisema mwishowe. “Anatafuta, anatafuta. Mi nikachoka kumungoya.”

“Juu ya ile njo akakufa?”

“Juu ya ile.”

Wanawake waliguna chini kwa chini. Nilidhani atanilaani, na mbele ya kamera laana ingenifaa, ningejua la kufanya nayo. Aligusa mkeka kando yake.

“Ikala. Hatuna mbio.”

Nikakaa. Ndipo akaanza kumsimulia marehemu dada yake, maisha yote: walivyozaliwa, mchumba mwenye miguu mirefu aliyeletwa, dada akafichwa ghalani asimwone, watoto waliokaa na waliokwenda, jinsi dada huyo alivyopenda kufanya kazi hata alipozeeka. Hakukosea jina. Hakurudia kitu. Alikuwa akisimama katikati ya sentensi muda aliotaka, akavuta kitenge begani, na katika kimya hicho watu ndipo walipolia. Nilikuwa nimekaa karibu naye kiasi cha kusikia pumzi yake. Vile vimya ndivyo nilivyokuwa nikivikata miaka yote, nikidhani ni makosa. Niliona aibu, aibu ya kweli. Umeme ulikatika wakati fulani na hakuna aliyeinua kichwa.

Kipindi kilipoonyeshwa, simu ya kituo haikupumzika. Mwenye kituo aliniita, akasema huyo ndugu wa Mokambo abaki, apewe nafasi kubwa. Nilimwambia atabaki kwa sharti moja, hataandikiwa. Nitampa kisa, maneno ni yake, na dakika zitakuwa zile zitakazokuwa. Alinung'unika juu ya vipimo vyake, akakubali.

Wiki iliyofuata nilikwenda kwa Yaya kumpa habari. Nilikwenda kwa miguu, nusu ninakimbia, nikijipanga jinsi ya kuomba msamaha na jinsi ya kumwambia kazi ipo, hajafa, anaweza kurudi. Nilimkuta uani akichambua maharage kwenye ungo. Aliniitikia vizuri, akauliza habari za nyumbani, akanisogezea kigoda. Nikaanza kusema. Akainua mkono polepole, kama mtu aliyekumbuka kitu na anaogopa kitamponyoka.

“Ile siku kule Katuba tulilia sana,” alisema. “Mi nauliza tu. Ule mama mwenye alikufa, alikuwa nani?”

Alikuwa anauliza kweli. Nilitazama uso wake nikatafuta utani, hata chembe, na haukuwepo. Maharage yalikuwa yamejaa kiganjani mwake na alikuwa amesahau kuyarudisha.

“Alikuwa yaya yangu,” nikamwambia.

“Pole, mutoto,” alisema. “Pole sana. Alikuwa mugonjwa?”

“Hapana. Alikuwa bado eko.”

Alifikiri juu ya hilo. Nikamngoja.